Vidole Kumi vya Mama

Namshukuru Mola aliyenifikisha msimu huu wa uchaguzi. Juzi, kwenye habari za televisheni, nilimwona mwanamke akionyesha kidole chenye wino, nikaikumbuka alasiri moja ya utotoni nyumbani kwetu Mji wa Kale.

Mama alikuwa ametoka harusini, vidole vyote kumi vimepambwa kwa piko, ile rangi nyeusi ya urembo, na chumba kilinukia asmini. Msomaji wa habari akasema kila aliyepiga kura ametiwa wino kidoleni, na atakayepatikana amepiga mara mbili atafungwa. Nikavihesabu vidole vya mama. Vyote kumi vyeusi.

"Hodi!"

Mlangoni niliona nguo za kaki. Nikamrukia mama, nikamfunika mikono kwa leso aliyojitanda.

"Usiitoe, mama! Watakufunga!"

Kumbe ni Baba Mutua, jirani yetu mfanyakazi wa reli, aliyezoea kuja kutazama habari.

"Kwani leo nimekuwa askari?" akauliza.

Mama alicheka. "Mwanangu asema nimepiga kura kumi."

"Basi mtu wangu ashashinda!"

Walicheka sana, mpaka mama akahisi ninavyotetemeka. Hakuitoa mikono. Chini ya leso aliishika yangu, akaishikilia hadi habari zikaisha.

Leo najua piko si wino. Lakini msomaji wa habari akiteremsha sauti, humvuta mjukuu wangu karibu, nikamshika mkono chini ya leso.

Nawe unayesoma, Mwenyezi Mungu akuepushe na khofu, na ikikufikia, akujaalie mkono wa kuushika. Amin.