Suti ya Baba Ndani ya Gunia la Goli

Afadhali niseme mwenyewe kabla hamjaisikia kwa vijana wa boda boda wa Bwera, maana wao wakiisimulia hunivua nguo zote, na kweli sikuvuliwa zote: mimi ndiye yule aliyepokea wakwe wa dada yake akiwa na bukta iliyopasuka nyuma na leso ya maua kiunoni. Ndiyo, ni mimi. Cheka umalize, halafu nikueleze.

Kwetu Wakonzo jina langu, Baluku, hupewa mtoto wa kwanza wa kiume, na ukiwa wa kwanza halafu wazazi wote wawili wakafariki, jina hilo linageuka kazi. Niliacha shule sekondari mwaka wa pili nikaanza kubeba magunia ya kahawa hapa Bwera, mpakani mwa Uganda na Kongo, ili wadogo zangu wasome. Magunia yalininenepesha shingo, na shingo ndiyo iliyonipeleka kwenye raga, kwa sababu siku moja jamaa alinitazama nikiwa nimebeba akasema mtu mwenye shingo kama hiyo hana haki ya kukosa skramu. (Skramu ni pale wanaume wanane wanainama na kusukumana vichwa na wanane wengine, kisha mpira unaingizwa katikati na hakuna anayeuona.) Miaka miwili baadaye nilikuwa kapteni wa timu ya Bwera, si kwa akili bali kwa sababu sikuwahi kukosa mazoezi.

Sasa, ligi yetu. Kuna ligi za juu huko Kampala zenye majani mazuri na gari la wagonjwa linalosubiri. Sisi tulikuwa ngazi ya chini kabisa ya kanda ya magharibi, na badala ya gari la wagonjwa tulikuwa na mratibu. Mratibu wa kanda ni bwana mwenye simu mbili na zote hazipokelewi, ila zikituma ujumbe zinatuma usiku usiku kubadilisha ratiba. Timu ya nyumbani inatafuta uwanja, inafukuza ng'ombe, inachora mistari kwa majivu, inasimamisha milingoti, inamtafuta muuguzi, na mechi ikiisha inawalisha wageni, maana raga ina desturi hiyo: mnavunjana mbavu halafu mnakula sahani moja. Kazi ya mratibu ni kutuma refa. Ukishindwa kufika uwanjani, mwenzako anapewa ushindi wa mezani, na ukishindwa mara mbili katika msimu mmoja unafutwa kwenye ligi ya msimu huo. Sisi mara ya kwanza tulikuwa tumeshaitumia, siku lori letu lilipozimika Hima, penye kiwanda cha saruji, na tukashinda mchana kutwa tukihesabu malori ya saruji.

Chakula hicho cha wageni ndicho kilichomkutanisha dada yangu Masika na Thembo, kijana wa timu ya Kasese. Masika alikuwa anapakua bundu, ule ugali wetu wa muhogo, na sombe, mboga ya majani yake, Thembo akarudi na sahani mara tatu, na mtu hali bundu mara tatu baada ya kupigwa vile kama hana jambo lingine. Basi mambo yakaenda hadi watu wa Thembo wakasema watakuja nyumbani Jumamosi kujitambulisha na kumwomba Masika rasmi. Baba wa kuwapokea ni nani? Ni mimi. Masika aliniambia jambo moja tu:

"Kaka, siku yangu usiniletee raga."

Nikamwahidi. Alhamisi usiku simu ikalia, ujumbe wa mratibu: mechi ya Bwera na Kasese imesogezwa, itakuwa Jumamosi hii, mchana. Na tukikosa, tunafutwa.

Mtu mwenye akili angewapigia wakwe simu wasogeze siku. Mimi nilikaa kitandani nikajiona nina hekima kuliko nabii. Timu inayokuja ni ya Kasese, wakwe wanatoka Kasese, na mjomba wa Thembo, askari mstaafu ambaye kila mtu humwita Afande, ndiye msemaji wa upande wa bwana harusi na ndiye meneja wa timu. Kwa hiyo gari moja, sufuria moja, siku moja! Wacheze, wanawake wakae pembeni watazame, mimi nikimbie nyumbani mbele yao nivae, niwapokee, wote wale. Nilimweleza Afande kwa simu, akacheka akasema, "Wewe kijana iko na mipango kama jenerali." Nililala nikitabasamu. Masika hakutabasamu.

Jumamosi lori likafika, wachezaji nyuma, na mbele shangazi yake Thembo amevaa gomesi, lile gauni la heshima lenye mabega yaliyochongoka, inayong'aa, amekaa kama anabeba mayai. Refa hakufika. Alipopigiwa simu alisema yuko Fort Portal, mratibu alimpa mechi mbili kwa saa ileile. Ligi kama yetu haivunjiki kwa jambo dogo kama kukosa refa. Timu mbili zinakubaliana mtu yeyote anayejua sheria na mwenye filimbi. Mwenye filimbi alikuwa mmoja. Ndiyo, Afande. Mkwe wangu akawa refa wangu, na katika raga anayeruhusiwa kuzungumza na refa ni kapteni peke yake.

Afande akaanza kukagua uwanja kama anakagua kambi. Milingoti ya raga ni lazima ifungwe kitu laini chini, mtu asipasue kichwa. Sisi tulifunga magunia ya kahawa yaliyojazwa majani makavu. Akabonyeza gunia la kwanza kwa kidole.

"Hii gunia iko na njaa. Jaza."

Majani yalikuwa yamekwisha. Mkononi nilikuwa na mfuko wenye suti yangu ya kupokelea wageni, suti ya kahawia ya marehemu baba, ile aliyomwolea mama, na viatu vyake, na tai. Kuiweka nje pale uwanjani? Bwera nguo ikikaa peke yake huvuka mpaka kabla ya mwenyewe. Nikaona hapa kuna usalama na gunia linashiba, nikaumimina mfuko wote ndani, koti likawa mbele, nikakaza kwa waya. Gunia likatoa tumbo mbele kama mtu aliyetoka karamuni. Afande akabonyeza tena.

"Sawa. Hii sasa imekula."

Mechi ilikuwa ngumu na tulikuwa tunaongoza kidogo. Ilikuwa karibu na mwisho Thembo alipopata mpira akaja mbio. Nilimkamata miguu (mkwe ni mkwe, lakini miguu ni miguu), akaanguka kabla ya mstari, mkono ukanyooka, na mpira ukagonga tumbo la gunia langu. Filimbi. Trai!

Sheria ya miaka ile ilikuwa hivi: gunia la mlingoti linahesabiwa ni sehemu ya mstari, ukiuweka mpira chini ukigusa gunia umefunga trai, yaani bao la raga. Afande aliijua. Hata mimi niliijua. Lakini wenzangu walinizunguka wakipiga kelele, "Kapteni, sema! Ni wewe peke yako unaruhusiwa!" Upande wa pili namwona shangazi ananitazama. Nikinyamaza, timu inanila. Nikisema, nabishana na mkwe mbele ya wakwe. Nikaona nitasema kwa adabu.

"Afande, kwa heshima, hiyo tumbo ya gunia imetoka sana. Hiyo si gunia ya goli, hiyo ni sanduku ya nguo."

"Sanduku ya nguo? Onyesha."

Sasa hapo, ndugu zangu, ndipo mtu hupewa nafasi ya kukaa kimya. Mimi nikaonyesha. Nikavuta waya, waya ukanasa bukta yangu nyuma, nikavuta kwa nguvu zaidi, bukta ikapasuka kutoka juu hadi chini na gunia likapasuka nalo, na mbele ya Bwera nzima nikatoa majani, nikatoa koti la marehemu baba lenye alama ya mpira kifuani, tope kabisa, nikatoa kiatu kimoja, nikatoa tai, na mwisho, kwa kuwa nilikuwa na hasira na siangalii ninachoinua, nikainua juu chupi nyekundu mpya niliyoinunua kwa ajili ya heshima ya siku hiyo, bado ina karatasi yake.

Halafu mama mmoja wa Kikongo anayeuza vitenge akapaza sauti:

"Eee papa! Aiko hata na haya! Chupi iko mupya, lakini bukta iko wapi?"

Nikashika nyuma. Upande huo bukta kweli haikuwepo. Uwanja ulilala chini kwa kicheko, hadi muuguzi wetu, ambaye kazi yake ni huruma. Afande pekee hakucheka. Alitoa kadi ya njano.

"Kapteni, umeharibu vifaa ya uwanja. Nje! Dakika kumi."

Nilipokuwa nimesimama nje, gunia tupu nimelishika nyuma kama mkia, nilimsikia shangazi akimwambia mwenzake, wala hakupunguza sauti: "Huyu ndiyo baba ya musichana? Tupande gari, turudi. Sisi hatuoi kwenye sarakasi." Kicheko kikaniisha mwilini. Raga ilikuwa yangu, lakini siku ilikuwa ya Masika.

Mechi ikaisha, tumepigwa, sikungoja. Nilikimbia nyumbani na suti ya tope mkononi. Masika alikuwa mlangoni. Habari ilishamfikia kwa boda, mbele yangu. Nilitegemea matusi. Alilitazama koti la baba, akalitazama kwa muda, halafu akavua leso yake, akanifunga kiunoni juu ya ile bukta, akakaza fundo hadi nikakosa pumzi.

"Kaa kwenye kiti cha baba," akasema. "Na usiinuke hata nyumba ikiungua."

Nikakaa. Jezi, tope, leso ya maua. Wakafika, wamesimama nje ya ua kama desturi inavyotaka, Afande mbele, filimbi bado shingoni, shangazi nyuma yake uso umekunjwa, mguu mmoja umeshaelekea lorini.

"Hodi," akasema Afande. "Nani anaongea upande wa hapa?"

Nilikuwa nimeandaa hotuba wiki nzima. Yote ilikuwa imebaki ndani ya gunia.

"Kapteni peke yake," nikasema. "Na hapa refa ni mimi. Umeingia kwenye ua wa watu na filimbi shingoni. Nje! Dakika kumi."

Kuku peke yao ndio waliokuwa wanatembea uani. Afande alinitazama vile askari hutazama kuruta, kisha taratibu akavua filimbi, akaitia mfukoni, akageuka nyuma, "Vijana, hatua moja nyuma, geuka!" na timu nzima ya Kasese ikarudi ikasimama njiani kwenye jua. Kikatoka kicheko cha mwanamke, kikubwa, kikavu. Alikuwa shangazi.

"Haya," akasema akifuta machozi kwa mkono wa gomesi, "huyu ni baba. Mutu anaweza kutoa mutoto kwa nyumba yenye hawajui kungoja? Tungoje."

Wakangoja, nikawafungulia, wakala, Masika akaombwa na nikakubali nikiwa nimekaa, kwa sababu nilikatazwa kuinuka na tena nisingeweza.

Wiki iliyofuata mratibu akatuma ujumbe: matokeo yamefutwa kwa kuwa refa hakuwa na kibali, mechi irudiwe. Tarehe aliyochagua ilikuwa Jumamosi ya harusi. Nilimpigia Afande. "Sisi tunakuja harusi," akasema. "Raga waende wacheze wenye ligi." Hivyo timu zote mbili hazikufika, zote zikafutwa, maana Kasese nao mara yao ya kwanza walikuwa wameshaitumia, na siku hiyo hiyo, kwa mara ya kwanza katika msimu mzima, refa alifika kwa wakati, amevaa vizuri, akasimama peke yake na ng'ombe katikati ya milingoti. Tulituma boda ikamchukue aje kula.

Nilirudi kucheza msimu mwingine. Suti ya baba niliifua mara nyingi, ile alama kifuani haikutoka, na ndiyo niliyoivaa harusini nikimshika Masika mkono. Tangu hapo nguo zangu naziacha nyumbani, na gunia likiwa na njaa, nalipa majani. Refa akisema trai, mimi nasema asante.