Bomba Lililopita Jikoni kwa Ilinca

Kila asubuhi, kahawa ikishatulia kikombeni, Domnica Vrabie huchukua mchi wa shaba aliorithi kwa mama yake, ule wa kutwangia vitunguu saumu, huenda kwenye pembe ya jiko ambako bomba la zamani hutoka sakafuni na kupenya darini, na kuligonga mara tatu. Kisha hungoja. Juu, ghorofa ya nne, mzee Nicanor Pascu huwa ameshaweka kiganja chake kwenye bomba hilo hilo. Masikio yake yaliharibiwa na nyundo za chuma alizozipiga ujana wake wote kwenye mabamba ya meli, na simu aliyonunuliwa imelala kwenye mtoto wa meza tangu siku ilipoletwa. Lakini kiganja chake kinasikia vizuri. Huchelewa kidogo, kwa maringo, halafu hujibu kwa ufunguo wa mlango: mara tatu. Hapo ndipo Domnica hunywa kahawa yake.

Wamefanya hivyo tangu mume wa Domnica alipofariki, na hakuna siku waliyokaa chini kupatana kwamba wafanye hivyo. Chanzo chake ni cha zamani zaidi.

Majira ya baridi ambayo Sanda, binti wa Domnica, alizaliwa, serikali ya chama kimoja ilikuwa imeamua kwamba wananchi wavumilie baridi ili Romania ilipe madeni yake ya nje. Uamuzi huo ulifanywa na watu waliolala penye joto. Maji ya moto yalitoka kwenye mtambo wa mji na kupanda jengo zima kwa bomba moja, yakaja yalipotaka na kukatika yalipotaka. Mwanamke aliweza kukaa siku nzima karibu na mfereji, akatoka dakika chache kufuata mkate, akarudi na kukuta majirani wameshaoga na bomba limeshapoa. Sanda alikuwa na kifua kibovu. Daktari alisema aogeshwe kwa maji ya moto kila siku, akayasema hayo akitazama ukuta, kwa sababu alijua anaagiza kitu ambacho hakipo.

Nicanor alifanya kazi zamu ya usiku, kwa hiyo mchana alikuwa nyumbani. Dirisha lake, kwa kuwa lilikuwa juu kuliko miti ya mipopla, lilitazamana na bomba la moshi la mtambo ule. Aligundua kwamba moshi ukiwa mzito, baada ya muda mfupi maji ya moto hufika jengoni. Basi akaanza kugonga. Mara tatu: maji yanakuja. Mara nne: moshi umepungua, wahini. Domnica aliposikia mlio alimvua mtoto nguo kabla mfereji haujaanza hata kukohoa, na Sanda alioga majira yale yote bila kukosa.

Msimamizi wa jengo, Ndugu Tudose, mwanachama mwaminifu aliyefikiri kila kelele ni njama, alisikia habari hizo akapanda ngazi kwenda kuchunguza. Wapangaji walisimama milangoni wakijifanya wanafuta vitasa.

"Ndugu Pascu, kugonga mara tatu maana yake nini?"

"Maji ya moto yanakuja, ndugu."

"Na mara nne?"

"Yanakwisha, ndugu."

"Na mara tano?"

"Mara tano sijawahi kugonga. Maji yenyewe hayana afya hiyo."

Tudose alitoa onyo kali dhidi ya ishara zisizoidhinishwa, akashuka. Ila mkewe naye alikuwa na watoto wa kuogesha, na kwa mlio ule ule alitayarisha beseni lake. Shauri likafia ngazini.

Mwisho wa majira hayo Domnica alimpelekea Nicanor bakuli la supu ya maharagwe kumshukuru. Alimkuta ananawa uso kwa maji yenye vipande vya barafu. Mfereji wake ulikuwa wazi, unatoa upepo tu. Domnica alimwuliza kama leo yamechelewa kufika kwake. Nicanor alijikausha uso kwa taulo taratibu kabla ya kujibu.

"Hayapendi ngazi hayo. Yakifika ghorofa ya tatu yanachoka."

Kwa hiyo mwanamume yule alikuwa ametumia majira mazima ya baridi kuwatangazia watu maji ambayo yeye mwenyewe hayakumfikia. Domnica aliweka bakuli mezani akashuka. Kesho yake mlio uliposikika alimwogesha Sanda, akajaza ndoo, akaibeba hadi ghorofa ya nne, akaiacha mlangoni. Naye hakuacha kuibeba mpaka utawala ule ulipoanguka.

Ulipoanguka, Domnica alilia kwa furaha, wala hajawahi kuyajutia machozi hayo. Ndiyo maana hukasirika sana jioni anapowasikia wenzake kwenye benchi la mlangoni wakisema kwamba zamani ndiko kulikokuwa na maisha, kwamba watu walipendana, kwamba heri ya enzi zile. Katika maduka siku hizi huuzwa hata biskuti zenye karatasi ya mtindo wa enzi hizo, na watu wazima hununua huku macho yamelowa. Domnica huzinunua pia, kwa kuwa ni biskuti nzuri, lakini mdomo haufungi. Huwaambia kwamba wanachokikumbuka ni magoti yao yalipokuwa mazima. Wakimbishia kwamba hata yeye huisifu ile ndoo na ule mlio, huwajibu neno moja ambalo jengo zima linalijua.

"Aliyenifungia maji si yule aliyenigongea bomba. Mimi namshukuru Nicanor. Nyinyi mnamshukuru nani?"

Na enzi mpya nayo haipati huruma yake. Uhuru ulipokuja, kila mmoja alinunua mlango wa chuma. Kisha mtambo wa mji ukafungwa, na kila familia ikaweka mtambo wake mdogo wa gesi. Wa Domnica ulilipiwa na Sanda, ambaye sasa anatunza wazee wa watu huko Torino, Italia. Maji ya moto yakawa ya kila saa na kila mtu, jambo la haki kabisa. Ila hakuna aliyekuwa na sababu tena ya kumgongea mwenzake. Bomba la zamani likabaki kavu, na likiwa kavu lilipeleka mlio vizuri zaidi.

Mambo yalikuwa hivyo mpaka vuli hii, tangazo lilipobandikwa mlangoni mwa jengo. Ilinca, msichana wa ghorofa ya tatu, aliyenunua nyumba yake miaka miwili iliyopita na anayetengeneza meno ya bandia kwenye zahanati ya meno, alikuwa anakarabati jiko. Alhamisi mafundi wangekata bomba la zamani upande wake, naye aliomba radhi kwa kelele.

Domnica alisoma tangazo hilo akiwa na mfuko wa viazi mkononi. Jikoni kwa Ilinca ndimo bomba lilimopita kutoka kwake kwenda kwa Nicanor. Halikuwa na njia nyingine.

Jioni hiyo, Jumanne, alioka mkate mtamu wa kokwa za jozi, akaufunika kwa kitambaa safi, akapanda. Ilinca alimkaribisha kwa heshima na kumfutia vumbi kitini. Domnica alianza kama anavyoanza kwenye mikutano ya wakazi, ambako hajawahi kumwogopa mwenyekiti yeyote. Alisema chuma kile kilinunuliwa kwa jasho la wote. Alisema mali ya wote haikatwi na mmoja, na kwamba tabia ya kila mtu kubomoa kipande chake ndiyo iliyoifikisha nchi hapa ilipo. Ilinca alimsikiliza mpaka mwisho.

"Lakini mama, halina maji. Na kabati limeshapimwa. Kuna sababu nyingine?"

Domnica aliangalia bomba lile lililokuwa limepakwa rangi nyeupe. Sababu ilikuwepo, nayo ilikuwa fupi. Lakini mwanamke aliyewabishia wenyeviti wote waliomfuata Tudose alishindwa kumwambia msichana mgeni kwamba kila asubuhi yeye, mjane wa miaka sabini na kitu, anahitaji mtu wa kumjibu. Alisema hakuna. Akamwachia mkate, akashuka, akijidanganya kwamba pengine mkate ungesema kwa niaba yake. Wala Domnica hakumwambia Nicanor habari za tangazo, kwa sababu ya tumaini hilo hilo.

Alhamisi msumeno ulilia mpaka saa sita.

Ijumaa kahawa ilitulia kikombeni. Domnica aligonga mara tatu, na mlio ulikuwa mfupi, kama wa sufuria iliyojaa. Alingoja. Akagonga tena, kwa nguvu zaidi, ingawa alijua. Kilichomtisha si ukimya, kwa kuwa ukimya aliutegemea. Alitishwa na kufahamu kwamba kuanzia sasa ukimya hautakuwa na maana: Nicanor akiwa mzima, kimya, Nicanor akianguka, kimya vile vile. Alivua aproni akaanza kupanda ngazi, mchi bado uko mkononi.

Alipokaribia ghorofa ya tatu alisikia ndara zinaburutwa kutoka juu. Mzee Nicanor, ambaye hakuwa ameshuka ngazi hizo tangu Pasaka, alikuwa anakuja, ameshika reli kwa mikono miwili, amevaa koti juu ya nguo za kulalia na kofia ya manyoya kichwani. Walikutana mbele ya mlango wa Ilinca. Mzee alisimama, akamtazama kutoka miguuni hadi usoni, kisha akasema kwa sauti ile kubwa ya wasiosikia:

"Kumbe uko hai."

"Mimi? Wewe ndiye hujajibu."

"Hukugonga!"

"Nimegonga mpaka shaba imechoka."

Nicanor alisoma midomo yake, akatikisa kichwa. "Jana bomba lilitetemeka kama lina homa, leo limekufa. Nikasema, basi, na Domnica kaenda nalo. Nimeshavaa kofia ya mazishi, mwanamke. Sasa niivulie nani?"

Mlango ulifunguka. Ilinca alikuwa na mswaki mkononi na povu mdomoni. Aliona mzee amekaa kwenye ngazi anatweta, na jirani wa chini amesimama na mchi kama mtu aliyekuja kuvunja nyumba. Aliuliza kama kuna mgonjwa. Ndipo Domnica alipoisema ile sababu fupi, yote, bila jasho la wote na bila hatima ya nchi. Aliisema kwa sauti ndogo, naye Nicanor, ambaye hakusikia neno, alikuwa anaitikia kwa kichwa.

Ilinca alifuta povu kwa mkono wa nguo.

"Miaka miwili nilidhani mnanigombeza," alisema. Katika umri wake, mtu akigonga bomba ni kwamba umemchosha kwa kelele zako, basi. Kila asubuhi aliposikia mapigo matatu kutoka chini na matatu kutoka juu, aliamini ghorofa mbili zimekubaliana dhidi yake. Alikuwa ameacha kusaga kahawa. "Nimenunua mazulia mawili, mama. Natembea kwa vidole nyumbani kwangu."

"Binti yangu, mimi nikitaka kukugombeza nitakuja mlangoni."

"Ndiyo, Jumanne niliona."

Walimwinua mzee wakamkalisha jikoni, katikati ya vumbi. Bomba lilikuwa limebaki vipande viwili: kisiki kimoja kilichotoka sakafuni kufika magotini, na kingine kilichoning'inia darini, vyote vimezibwa. Nicanor aliweka kiganja kwenye kile cha chini, akamwomba Domnica mchi, akagonga, akainua uso kutazama kile cha juu kwa muda. Ilinca alieleza kwa aibu kwamba fundi hawezi kuliunga tena, kwani chuma kimeoza ndani. Kisha akasaga kahawa kwa mara ya kwanza baada ya muda mrefu, kwa kelele zote za mashine, nao wakainywa watatu pamoja na mkate wa jozi uliobaki. Baadaye wanawake wawili walimpandisha mzee kwake, mmoja kila upande, yeye akilalamika njia nzima kwamba wanambeba kama ndoo.

Jumamosi Domnica alichukua mchi kwa sababu mkono ulikwenda wenyewe. Aligonga mara tatu. Alishakuwa ameurudisha kwenye kinu chake aliposikia kitu juu ya dari: mapigo matatu ya haraka, yasiyo na uzoefu, yakienda mbali naye. Kisha kimya, kirefu kidogo, chenye maringo ambayo angeyatambua popote. Na hatimaye, kwenye bomba lake mwenyewe, karibu na bega lake, yalishuka mapigo matatu, na baada yake pigo la nne, la peke yake, dogo.

Katika lugha ya jengo lile nne ilimaanisha maji yanakwisha. Domnica alikaribia kucheka. Tudose angeandika onyo. Halafu akaelewa kwamba matatu yalikuwa ya Nicanor, yaliyopokewa juu na kushushwa na Ilinca, na hilo moja lilikuwa la msichana mwenyewe, aliyetaka naye ahesabiwe.

Aliuchukua mchi tena akamjibu kwa pigo moja. Wiki iliyofuata seremala alileta kabati, na Ilinca akamwamuru atoboe matundu mawili penye visiki vya bomba, moja chini na moja juu, bila kumweleza ni ya nini. Lakini Jumamosi hiyo Domnica alikuwa bado hajayajua hayo. Alikaa mezani akainywa kahawa yake, iliyokuwa imeshapoa kabisa, akaimaliza yote.