Home yetu ya wakoloni ilivyokosa paa jipya kwa sababu ya adabu

Wakuu, salamu kutoka Kalemie, ng'ambo ya Kigoma. Haya sikuhadithiwa na mtu. Naandika nikiwa kitandani na beseni liko pembeni linapokea matone.

Mimi ni mwanafunzi wa chuo kikuu. Bweni letu, huku tunaliita home, lilijengwa na Wabelgiji kwa ajili ya mabwana wa reli waliokuja bila wake zao. Kuta nene, dari ya mbao iko juu mno, baraza pana linaangalia ziwa. Madirisha yana matao, utadhani kanisa.

Milango ni miwili. Wa mbele mkubwa, wa mabwana. Wa nyuma mwembamba, wa mpishi na mfua nguo.

Baada ya uhuru tukarithi nyumba nzima, ila mlango wa mbele ulivimba kwa unyevu ukagoma kufunguka. Kwa hiyo wasomi wote tunapita mlango wa mpishi. Chekeni taratibu.

Tatizo ni paa. Vigae vyake vyekundu havipatikani tena, na vingi vimepasuka.

Mwenzangu wa chumba, Kyungu, mtu wa Nyunzu asiye na ndugu hapa mjini, ndiye analala chini ya tundu kubwa. Tasnifu yake ya kumaliza masomo ililowa akaiandika upya. Ikilowa tena, mwaka umekwenda.

Basi tukasikia kuna mama injinia anatoka Lubumbashi kukagua mabweni, na paa moja litatengenezwa. Moja tu! Tukashangilia. Nani angetushinda kwa kuvuja?

Sasa oneni akili zetu. Papa Ngoy, msimamizi wa home, akaamuru mabeseni yafichwe na kuta zipakwe chokaa mpaka alama za maji zipotee.

"Papa, beseni njo ushahidi wetu," nikamwambia.

"Mugeni hapokelewi na beseni. Batu watasema hatuna adabu."

Tukasugua sakafu, tukaazima mapazia. Hata ule mlango wa mbele tuliusukuma kwa mabega mpaka ukafunguka.

Mama injinia akaingia, akasifu matao, akapapasa kuta. Kisha akasimama kando ya kitanda cha Kyungu.

"Mvula inaingiaka humu?"

Nikamkazia Kyungu macho aseme kweli. Akainamisha kichwa, kama mtoto aliyefunzwa kukataa sahani ya pili ugenini.

"Kidogo tu, Mama."

Wakuu, nilitaka kulia.

Home ya wasichana ni jengo la juzi, matofali ya saruji, tundu moja. Wao waliacha beseni katikati ya mlango, mama injinia akaliruka. Wamepata mabati mapya.

Sisi tumepata kibao ukutani: jengo la kihistoria, marufuku kugusa chochote. Hata turubai tulilofunika juu ya vigae limeondolewa, eti linaharibu sura. Yaani tundu la Kyungu sasa ni urithi wa taifa.

Mficha maradhi, kifo humuumbua. Anayekuja kukuona ukiumwa usimpokee na suti.

Nyie mngekuwa mimi mngesema nini mbele ya yule mama? Semeni, hata matusi napokea.

Mvua imezidi. Kyungu amekaa kitandani kwake chini ya mwavuli, makaratasi yake ameyakumbatia ndani ya mfuko wa plastiki. Nimemuuliza kama inaingia sana.

"Kidogo tu, ndugu."