Picha Yangu Mkononi mwa Mpelelezi

Niliishia darasa la tano, lakini nusu ya milango ya chuma unayoiona mtaani kwetu Huruma nimeichomelea mimi. Kwa hivyo watu wa televisheni walipokuja kurekodi mchezo wao wa mpelelezi wa kibinafsi, wakachagua karakana yangu. Wangechagua ya nani?

Mpelelezi anamtafuta fundi aliyepotea. Fundi ni mimi. Anaonyesha picha yangu kwa watu wa mtaa, watu wa kweli ambao hawajaambiwa kitu, mpaka mmoja ampeleke kwangu.

"Wasipokujua, tunahamia mtaa wa Ziwani," mwongozaji aliniambia.

"Nisijulikane Huruma? Mimi?"

Siku nne nilifunga mdomo, hata mama watoto sikumwambia. Siku ya tano, asubuhi, tuko na kamera kwenye roshani ya ghorofa ya tatu. Nakaa, nasimama, nakaa tena. Chini, mwigizaji amemwinamia fundi viatu, jirani yangu kwa miaka kumi na mbili. Sauti tunaisikia kwenye spika ndogo.

"Mzee, mimi ni mpelelezi. Unamjua huyu?"

Fundi viatu akaigeuza picha, akatazama upande wa nyuma. "Huyu si wa huku. Hiyo sura ni ya Kayole."

Mama mboga naye akasema hajawahi kuniona. Hapo ndipo nilipogundua kosa. Ukijiita mpelelezi hapa Huruma, watu wanasikia polisi, karao aliyeacha sare nyumbani.

"Mmoja wa mwisho," mwongozaji akasema, akitazama saa.

Wa mwisho akawa mama watoto mwenyewe, ametoka dukani na unga. Nikashusha pumzi. Akaishika picha, akaitazama sana.

"Na sura mbaya hivi, ningemsahau? Simjui."

Akapiga kona. Simu yangu ikalia.

"Baba watoto, usikanyage nyumbani! Karao wana picha yako. Nenda kwa kaka yako sasa hivi. Umefanya nini wewe?"

Watu wa televisheni wakapakia vyombo vyao, wakaenda Ziwani. Nilishuka ngazi mbili mbili, nikamkuta mama watoto mlangoni kwetu. Nikamweleza yote. Nikamwambia angesema neno moja tu, nchi nzima ingeniona.

"Na kama ungekuwa umeiba kweli," akasema, "ungetaka niwapeleke mpaka kitandani kwako?"

Nikampokea ule unga, nikauingiza ndani.