Handaki la Baba Yake Bibi

Mwaka huu, kiangazi kilipokolea na vumbi la Ipuli, hapa Tabora mjini, likaingia mpaka kwenye kopo la sukari, walinibishia hodi watu wawili: Mwingereza mzee mwenye kofia pana, na binti wa Mtendeni anayewatembeza wageni. Binti alinipa shikamoo, akakaa, akanywa chai, ndipo akaeleza. Babu wa yule mzee alikuwa afisa katika kikosi cha Waingereza kilichoshuka kutoka upande wa Mwanza, katika ile vita ya kwanza ya Wazungu, kikafika kwenye reli pale Igalula. Kikosi kikachimba handaki la kulinda stesheni. Sasa mjukuu mtu anatafuta mahali babu yake aliposimama, na ameambiwa mimi nimekulia Igalula. Je, handaki hilo nalijua?

Rafiki yangu, nilibakiza kidogo tu niseme silijui. Nalijua mno. Mimi ndiye niliyelifukia.

Ngoja nikupeleke kwanza nyumbani kwa bibi, usije ukanihukumu kabla hujaonja chakula chake. Nyumba ilikuwa ya tofali mbichi, mwendo mfupi kutoka stesheni, na treni ilipopiga honi kuku wote walikuwa hawashtuki tena. Asubuhi ni uji wa mtama, mchana ni ugali na nsansa, yale majani ya kunde yaliyokaushwa, yakiungwa kwa karanga zilizotwangwa. Weee! Leo nikiyapika hapa Ipuli wajukuu wananuna, wanataka chipsi. Kazi yangu ilikuwa kuanika viazi vitamu. Vibichi vilivyokatwakatwa tuliviita michembe, vilivyochemshwa kwanza ni matobolwa, na mimi nilivilinda dhidi ya mbuzi huku mdomo wangu ukitafuna. Bibi aliniona, akaniacha. Alikuwa mkali kwa uvivu tu. Kwake mtu alipimwa kwa matuta aliyoinua. "Jembe halimtupi mkulima," alisema kila alfajiri akiniburuta kitandani, na mimi nikijibu moyoni kwamba usingizi nao haumtupi mtu.

Mwisho wa shamba ndipo lilipokuwa handaki. Lilikuwa limeliwa na mvua za miaka mingi, kina kimebaki cha kunifika kifuani, na pembeni yake udongo ule ule uliotolewa ndani umelala kama ukingo, umeota nyasi. Halikunyooka. Lilikwenda hatua kadhaa, likakata kona, likaenda tena, likakata nyingine. Tulicheza humo mimi na binamu zangu mpaka magoti yakawa mekundu. Bibi alituruhusu, ila tusikojoe wala tusitupe takataka.

Aliyetufundisha maana ya zile kona ni jirani yetu, mzee aliyekuwa keya, yaani askari wa Kiafrika katika jeshi la Mwingereza, akapigana Burma kwenye vita ya pili. Basi usimwulize habari za jana, atakupeleka Burma. "Handaki lililonyooka ni kaburi," alituambia, huku ametupanga mstari na vijiti begani. "Risasi ikiingia huku inatokea kule, imewapitia wote. Likipinda, anakufa mmoja, wenzake wanaendelea kula biskuti." Jina la kikosi chake na namba yake ya uaskari aliweza kuvitaja hata akiwa na homa. Alikuwa na medali ndani ya kopo la chai. Sisi tulimwogopa na kumpenda kwa pamoja.

Kila Novemba, siku ya kuwaombea Marehemu Wote, Wakatoliki wenzetu walikwenda makaburini kufagia na kungoja padri anyunyize maji ya baraka. Bibi hakwenda. Alichukua ufagio, akashuka handakini, akafagia kona hadi kona, akasali rozari yake amesimama humo humo ndani. Mimi nilidhani anafukuza nyoka kabla ya mvua. Sikuuliza. Mtoto wa miaka kumi na moja anauliza mambo mengi, lakini lililo mbele ya macho yake kila siku haliulizi.

Kumbe bibi hakuwa na kaburi la kufagia. Vita ilipofika Igalula yeye alikuwa mtoto wa kubeba kibuyu tu, na askari walipita vijijini wakiwakusanya wanaume waje na majembe yao. Ukisoma vitabu vya Wazungu utaambiwa kikosi fulani kilichimba. Kikosi hakikuchimba, kikosi kilisimama. Waliochimba ni Wanyamwezi, kwa majembe yaliyotoka nyumbani kwao, na mmoja wao alikuwa baba yake bibi. Bibi alitumwa kumpelekea matobolwa. Alimkuta yumo ndani, kinaonekana kichwa tu, akapokea kikapu kwa mikono ya udongo, akamwambia, "Rudi nyumbani kabla jua halijawa kali. Mimi nakuja." Kazi ilipokwisha wale wachimbaji wakatwishwa mizigo, wakaondoka na kikosi kuelekea kusini. Baadhi yao walirudi. Mmoja alisema alimwacha anaumwa njiani, mwingine akasema si kweli. Basi. Hakuna mwili, hakuna barua, hakuna matanga. Lilibaki handaki.

Haya yote niliyajua nikiwa nimechelewa.

Ulikuja ule mwaka wa kampeni ya kilimo. Mwalimu wetu, mtu mzuri ila mwenye pupa, alitangaza kwamba kila mwanafunzi awe na matuta yake nyumbani, naye atapita kukagua. Mashimo yote yafukiwe, maana yanafuga mbu. Na bahati mbaya, Januari hiyo bibi alikwenda Tabora mjini kumwuguza mama mdogo aliyejifungua, akakaa huko mwezi mzima. Aliniachia nyumba na kuku na binamu zangu wawili. Jirani keya alikuwa akituangalia, lakini naye majuma hayo alikuwa porini kwenye mizinga yake ya nyuki.

Nikaona nimpe bibi zawadi. Zawadi gani inamfaa mtu anayepima watu kwa matuta? Mvua ilikuwa imelainisha ule ukingo, tukausukuma ndani kwa majembe, udongo ukaingia wenyewe kama uliokuwa umechoka kukaa nje. Siku nne tulifanya kazi. Tuliposawazisha, nikainua matuta marefu, mazuri, hata leo najivunia na kuona haya kwa wakati mmoja, kisha nikapanda marando ya viazi. Mwalimu alipopita alinisifu mbele ya darasa zima. Nilivimba kichwa, nikawa nahesabu siku za bibi kurudi.

Alishuka kwenye treni na kitenge kipya na ndizi za mjini. Sikumpa nafasi hata ya kuweka mzigo. "Bibi, njoo uone! Fumba macho!" Akacheka, akafumba, nikamshika mkono mpaka mwisho wa shamba. Marando yalikuwa yameshika, majani yanang'aa. "Fumbua!"

Alifumbua. Akatazama kulia, akatazama kushoto, kama mtu aliyekosea njia.

"Nani kafanya?"

"Mimi, bibi."

"Mwenyewe?"

"Na wenzangu. Lakini matuta ni yangu yote."

Hakunipiga. Afadhali angenipiga, fimbo ingekwisha ikapoa. Aliketi chini, juu ya tuta, na kitenge chake kipya, akaweka viganja kwenye udongo, akamlilia mama kwa Kinyamwezi, polepole, "Mayo wee. Mayo wee." Jirani keya, aliyekuwa amerudi jana yake, alisikia akaja. Yeye alielewa mara moja, maana kisa alikuwa anakijua. Ndiye aliyenieleza jioni ile, pembeni, huku ananikazia macho.

Pale shambani alijaribu kumtuliza. "Dada, usilie. Handaki ndiyo kazi yangu. Kesho nalichimba upya, kona kwa kona, hutajua tofauti."

Bibi akafuta pua. "Utachimba la kwako, kaka. Lile alilichimba baba."



Viazi vya matuta yale, Mungu anajua, vilikuwa vikubwa kuliko vyote tulivyowahi kuvuna. Majirani walikula, wakasifu utamu wake. Bibi aliwagawia wote, mwenyewe hakugusa. Ilipofika Novemba alichukua ufagio, akatoka mlangoni, akasimama. Kisha akafuata watu makaburini. Mimi nilikuwa nyuma yake. Kila mmoja akaenda kwa mtu wake, na bibi yangu akabaki amesimama langoni na ufagio mkononi, anatazama huku na huku, mpaka padri akamaliza. Majuto ni mjukuu, husema watu, na mjukuu mwenyewe ndiye mimi. Hakunilaumu hata siku moja. Aliendelea kunipakulia nyama ya shingo niliyoipenda. Mimi ndiye niliyeanza kulikwepa jicho lake.

Basi Jumamosi tulikwenda Igalula kwa gari, mimi, binti na Mwingereza. Njiani nilieleza kila kitu, binti akatafsiri, naye mzee akasikiliza bila kunikatiza. Nyumba ya bibi haipo, pamejengwa duka la mbolea. Honi ya treni kwa bahati bado ni ile ile. Miguu yangu ikanifikisha yenyewe kwenye shamba la watu, la mahindi makavu, nikasema hapa. Usingejua kitu. Pamesawazishwa kama meza. Yule mzee alipiga magoti kwa shida, akashika udongo, machozi yakamtoka, na mimi nikamwonea huruma kweli, maana babu ni babu.

Kisha alimwambia binti maneno marefu. Anataka kuomba ruhusa aweke jiwe dogo, lenye jina la kikosi na jina la babu yake. Lakini baada ya kunisikia, haoni haki kuandika hilo peke yake. Akatoa daftari.

"Bibi, anauliza, huyo baba yake bibi yako aliitwa nani?"

Jina hilo sikuwahi kulijua.

Bibi alimwita Baba. Kwetu mtoto aliyelelewa vizuri hamtaji mzazi wake kwa jina, wala hakuna aliyemtaja mbele yake. Bibi alilelewa na mjomba, akabatizwa kwa jina la mjomba, ndilo lililo katika vitabu vya parokia. Njia ilikuwa moja tu, kumwuliza mwenyewe kwa adabu, jioni, mkiwa mnamenya viazi. Angeniambia. Nilikaa naye mpaka nikaenda kusomea uuguzi, nikarudi kila likizo, na mwisho nilimwogesha kwa mikono yangu. Zaidi ya miaka ishirini. Na kila nilipotaka kuuliza niliyaona yale matuta mbele yangu, nikauliza kuku wanaendeleaje.

Wachimbaji wale walikuwa wengi, na kila mmoja alikuwa na mtoto wa kumletea kikapu. Watoto hao wote wamekwisha. Sisi tuliokula nao sahani moja ndio tuliopaswa kuuliza.

"Bibi?" binti alisema tena, kwa upole. Mzee alikuwa ameshika kalamu.

"Mwambie alikuwa na jina," nilisema. "Aliyelipoteza ni mimi."