"Nimepata Mtu": Aibu ya Mlinzi wa Mlango wa Nyuma, Likoni

Saa tisa alasiri, siku ya Jumamosi. Zamu ya asubuhi inatoka katika supamaketi moja ya Likoni, na wanawake wamepanga laini kwenye ujia wa nyuma, katikati ya tanuri la mikate na mapipa ya taka. Kila mmoja ameshika mkoba wake wazi, zipu imefunguliwa mpaka mwisho.

Penye mlango wa chuma uliopakwa rangi ya kijani amesimama Mueni Mutua, mlinzi mwenye umri wa miaka thelathini na sita. Kazi yake ni kuwapekua. Anapitisha mgongo wa mkono mabegani, makwapani, ubavuni na kiunoni, kisha anainama hadi kwenye soksi. Mikono ameipaka poda kidogo isinate na jasho lao.

"Asante, mama," anasema. "Asante, dada." Wanainua mikono, wanatazama ukuta, wanapita.

Leo kila mara anachungulia nyuma ya laini, pale penye tanuri, aliposimama mwanamke mwenye gauni la kitenge ambaye hafanyi kazi hapa tena. Jina lake Nyevu. Alikuwa keshia. Mueni ndiye sababu ya kuondoka kwake, na leo ameahidi kusema jambo mbele ya watu wote, jambo ambalo wakubwa wamemkataza kulisema.

"Naona haya hata kumeza mate," ananong'ona, huku anafunga zipu ya mkoba wa mtu. "Lakini nisiposema leo, sitasema tena."

Mueni alitoka Mwingi, bara, akiwa msichana, akafanya kazi za nyumbani Changamwe, kisha kampuni moja ya ulinzi ikamchukua. Analipwa shilingi elfu kumi na tano kwa mwezi. Kutokana na hizo hulipia chumba Mtongwe, na karo ya wanawe wawili ambao anawalea peke yake. Kazi ya kupekua hakuiomba. Alipangiwa kwa kuwa mwanamke lazima apekuliwe na mwanamke.

Supamaketi yenyewe ina wafanyakazi wapatao sitini, na haikai nao. Tangu mwaka uanze wanawake kumi na mmoja wameacha kazi kwa hiari yao. Bwana Bramwel, afisa wa wafanyakazi, huumwa kichwa na jambo hilo.

"Namfundisha keshia mpaka anaijua mashine vizuri, halafu ananiaga," anasema. "Na huku vitu vinapotea. Nyembe, betri, maziwa ya watoto. Wewe ungefanyaje?"

Alipoulizwa kama huenda ni huko kupekuliwa kunakowafukuza, alisema hilo hajawahi kuwauliza.

Yaliyotokea yalitokea Ijumaa moja ya mwezi wa Machi. Wiki hiyo nyembe zilikuwa zimepotea kwenye rafu ya kaunta, na asubuhi walinzi waliitwa wakaambiwa mikono yao imekuwa laini mno. Mueni alikwenda mlangoni na maneno hayo masikioni.

Nyevu alipofika mbele yake, alisimama kama siku zote, akatabasamu. Walikuwa wamezoeana. Mara mojamoja Nyevu alimletea mahamri kutoka Timbwani anakokaa.

Siku hiyo Mueni alikaza mkono. Kiunoni, chini ya sketi ya sare, vidole vyake vikagonga kitu kigumu, chembechembe zilizozunguka kiuno chote.

"Ni nini hii?" akauliza.

"Ni zangu, dada," Nyevu akajibu kwa sauti ndogo.

"Zako nini?"

"Vitu vya mwilini."

"Vya mwilini na ni vigumu hivi? Toa!"

Nyevu alimsogelea sikioni. "Dada Mueni, nakuomba. Twende chooni nikakuonyeshe. Hapa pana wanaume."

Ni kweli wanaume walikuwepo. Wapakuzi watatu walikuwa wakiteremsha makreti ya soda. Lakini kanuni ya mlango ule inasema ukishaingia kwenye laini hurudi ndani, kwa sababu kuna mtu aliwahi kutupa alichoficha chooni akakimwagia maji. Neno "choo" likamfanya Mueni aamini kabisa kwamba amemshika mwizi. Akabonyeza redio yake ya mkononi, ile inayosikika kwa walinzi wote na katika ofisi ya meneja, akasema maneno mawili: "Nimepata mtu."

Kisha akaingiza kidole kwenye mshipi wa sketi, akavuta.

Uzi ukakatika.

Sasa, shanga za kiunoni si kitu cha kutajwatajwa. Mwanamke wa Pwani huzivaa ndani, na azijuaye ni mumewe na aliyemtungia. Hata marafiki wa kike wanaooga pamoja hawaulizani. Zile za Nyevu alitungiwa na bibi yake, Kaloleni, wiki ya kuolewa kwake, nyekundu, nyeupe na za samawati, nyuzi nne. Zilimshuka miguuni mithili ya mtama uliotoboka gunia, zikaruka juu ya saruji, zikaingia chini ya makreti.

Mpakuzi mmoja aitwaye Dancun akapiga mluzi. "Lo! Kumbe mali iko huku!" Wenzake wakacheka, halafu wakaona uso wa Nyevu, kicheko kikakatika. Mmoja alibaki ameinua mguu mmoja, hajui aukanyage wapi.

"Na mimi nilicheka," asema Mueni. Analisema hilo polepole, macho yakiwa chini. "Si kwamba niliona raha. Sikujua uso wangu niuweke wapi. Lakini nilicheka, na yeye aliniona."

Agneta, keshia mwenzake Nyevu na mzaliwa wa Kaloleni kama yeye, alitoa leso yake mkobani akamfunika kutoka kiunoni kwenda chini, ijapokuwa sketi ilikuwa mahali pake. Akamgeukia Mueni.

"Dadangu wee, wajua ulilofanya? Huyu umemvua nguo."

"Lakini amevaa," Mueni akajibu.

"Hajavaa," akasema Agneta.

Nyevu alitoka kwa mlango ule wa kijani na leso ya watu, hakurudi hata kuchukua viatu vyake vya kubadilisha.

Mueni aliambiwa jioni ile maana ya shanga zile. Kwao Mwingi alizoea kuona shanga za shingoni na za mkononi, zinazovaliwa ili zionekane. Hakujua kuna za kufichwa. Mtu angedhani kutojua kungempunguzia aibu. Yeye anasema hapana.

"Kutojua ni kwa zile shanga. Lakini aliniomba mara mbili. Mtu anayekuletea mahamri akikuomba mwende kando, huhitaji kujua mila ya kwao ndipo umsikie."

Tena kuna jambo lililo baya kuliko hilo. Maneno yale mawili ya kwenye redio, Mueni hakuyafuta. Hakubonyeza tena kusema kwamba hakupata mtu wala kitu. Aliona aibu, akanyamaza, akadhani yatajifia. Kumbe yalivuka feri, yakaenda kisiwani, yakafika hadi Kisauni. Walinzi wa kampuni moja hulinda maduka mengi, na mameneja hupigiana simu.

Nyevu aliomba kazi katika duka kubwa huko Kisauni, kando ya barabara ya Malindi. Alifanyiwa majaribio, akasifiwa mkono wake mwepesi. Siku iliyofuata mtu wa ofisini akamuuliza, "Wewe si yule aliyeshikwa Likoni na vitu kiunoni?" Akaambiwa atapigiwa simu. Mahali pengine hawakumpa hata kiti.

Sasa hukaanga viazi vya karai mbele ya nyumba, Timbwani. Mumewe, Ruwa, ni kibarua wa makontena Changamwe. Yeye alizisikia habari za shanga za mkewe kutoka kwa mwendesha bodaboda.

"Hakuniuliza kitu," asema Nyevu. "Alikuja akakaa, akala, akalala. Heri angegomba. Mtu akigomba wajua wapi pa kumjibia."

Ni Nyevu mwenyewe aliyetaka habari hii iandikwe, na shanga zitajwe kwa jina. "Si walishazitaja wote? Basi nami nizitaje, na nitaje kwamba sikuiba."

Mwezi wa Mei, Mueni alimwomba Agneta ampeleke Timbwani. Alikwenda na kilo mbili za sukari na maneno aliyoyapanga usiku kucha. Nyevu alimpa kigoda, akaendelea kugeuza viazi kwenye karai.

"Nimekuja kuomba msamaha," Mueni akasema.

"Naona."

"Nilikosea, dadangu. Kutoka moyoni."

Nyevu akachuja viazi, akavimwagia pilipili, akampa mteja, akarudisha chenji. Ndipo akamtazama.

"Radhi ya uani mimi siitaki," akasema. "Hukunivulia uani. Ulinivulia kazini, wanaume wakiona, na redio ikisema. Ukitaka kuniomba radhi, niombe palepale, na wale wale wasikie. Sukari yako chukua."

Mueni aliirudisha sukari. Agneta, ambaye mdomo wake haukai bure, alimwambia njiani, "Afadhali ungeleta mafuta, yangefaa viazi." Wakacheka kidogo, na Mueni akajikuta analia.

Alipompelekea Bwana Bramwel ombi la kusema hadharani, alikataliwa kabla hajamaliza. "Ukisema ulikosea, ni duka limekosea," akamwambia. "Kesho atakuja na wakili. Wewe kaa kimya, fanya kazi." Msimamizi wake wa kampuni ya ulinzi hakuzunguka: akithubutu, mkataba wake unaoisha mwezi huu hautaongezwa, na wanaoutaka mlango ule wako wengi.

Mueni alikaa na jambo hilo wiki tatu. Kisha akampigia Agneta, akamwambia amlete Nyevu Jumamosi.

Na ndiyo leo.

Laini imefika mwisho. Mwanamke wa mwisho amepekuliwa, lakini hakuna aliyeondoka, maana Agneta amewanong'oneza. Wamesimama nje ya mlango na ndani yake. Wapakuzi wameacha makreti. Dancun yupo, kofia ameivua, anaikunja na kuikunjua.

Mueni anatoa redio kiunoni. Anaibonyeza, na sauti yake inasikika mara mbili, mdomoni mwake na kwenye redio za walinzi wengine ndani ya duka.

"Walinzi wote, ni Mueni wa mlango wa nyuma. Ile Ijumaa ya Machi nilisema nimepata mtu. Sikupata mtu. Nyevu hakuwa na kitu cha duka. Zilikuwa shanga zake. Mimi nilimvuta nguo akiniomba nisimvute, nikazikata, nikacheka. Nimekosea. Nyevu, naomba radhi."

Redio inakoroma. Sauti ya mwanamume inauliza, "Nani huyo? Nani amekuruhusu?" Mueni anaizima.

Watu wote wanamtazama Nyevu. Joto la tanuri limemfanya atoe jasho juu ya mdomo, analipangusa kwa kiganja.

"Nimesikia," anasema. "Sisemi yamekwisha. Hayajesha. Lakini nimesikia."

Dancun anakohoa. "Hata mimi, dada. Ule mluzi..."

"Wewe ngoja zamu yako," Agneta anamkatiza, na hapo wanawake wanacheka, kicheko cha watu waliokuwa wamebana pumzi.

Bwana Bramwel anatokea akikimbia, tai imemwendea begani. Anamkuta Mueni amekaa juu ya kreti, redio mapajani. Hapazi sauti. Anasema tu kwamba Jumanne atahitajika ofisini, pamoja na msimamizi wake. Anamtazama Nyevu, ananyoosha tai yake, anarudi ndani.

Mueni anajua Jumanne itakavyokuwa. Ameshawaambia wanawe kwamba huenda wakahamia chumba cha bei nafuu. Akibakishwa kazini, atadai kitu kimoja: chumba kidogo chenye pazia, wanawake wapekuliwe humo mmoja mmoja. Pana stoo ya nepi iliyo nusu tupu, ameshaipima kwa macho. Akifukuzwa, atawaachia Agneta na wenzake kazi ya kukidai, na wamekubali.

Lakini kabla ya Jumanne kuna Jumatatu. Nyevu, akiwa anajifunga leso tayari kuondoka, anamgeukia.

"Jumatatu narudi kwa wale wa Kisauni, nikaulizie ile kazi. Wataka kuja, njoo. Ila hiyo sare uiache nyumbani, watadhani umenikamata tena."

Kufikia jioni Mueni ameshaazima gauni la jirani. Jumatatu asubuhi atafika kwenye feri mapema, waonane hapo, wavuke na kwenda pamoja mpaka ofisi ya yule aliyeuliza habari za vitu vya kiunoni. Hajui kama atasikilizwa. Alichopanga ni maneno tu, na safari hii hakuyapanga marefu.

"Wataniuliza mimi ni nani wake," asema. "Siwezi kusema ni rafiki yake, sina haki hiyo. Nitawaambia mimi ndiye niliyemshika, na hakuwa na kitu."