Maksai wa Milepa Mnadani

Miaka ile ya ruksa, kila mwenye mtaji kidogo pale Majengo alifungua biashara. Mimi niliuza mitumba, na siku za mnada wa ng'ombe nilitandika turubai langu karibu na lango la zizi. Hapo niliona kila kitu. Wezi walikusanya mifugo bondeni, tajiri mmoja akaleta lori, na askari wa mnadani akahakikisha hakuna anayeuliza. Sote tulijua, na kila mtu aliendelea na shughuli zake.

Siku hiyo akaja mama mmoja wa Kisukuma, aliyehamia Milepa, kule bondeni. Alikuwa amepanda mlima kwa miguu, nira begani. Mvua zilikaribia, na maksai wake wawili wa kulimia walikuwa wameibwa. Aliwaona papo hapo, wakiswagwa kuelekea kwenye lori.

"Afande, wale ni wangu."

"Chapa ya tajiri huioni?" askari akamuuliza.

"Naiona. Kidonda hakijakauka. Mmewachoma juzi."

Watu wakacheka. Askari akaona amalize kwa kejeli. "Haya mama, kama ni wako, waite! Labda watakuja kukuamkia."

Hapo ndipo alipokosea. Hakuwahi kushika plau huyo. Mama akatua nira chini, akapiga mluzi, akaita kwa Kisukuma. Maksai mwekundu akageuka, akampiga kikumbo mswagaji, akaja. Mweupe akafuata. Wakasimama penye nira, mwekundu kushoto, mweupe kulia, vichwa vimeinama, wakisubiri kufungwa.

"Wabadilishe!" muuza karanga akapaza sauti.

Mama akawabadilisha. Alipowaachia tu, wakapishana, kila mmoja akarudi upande wake. Mnada mzima ukalipuka! Nilijikuta nimesimama juu ya mitumba yangu, nikipiga kelele, "Wafunge, mama! Wafunge twende!"

"Afande, mbona wewe hawajakuamkia?" mtu akadakia.

Askari akautazama umati, akamtazama tajiri, ambaye tayari alikuwa anaangalia pembeni. Akafungua lango kwa mkono wake. Tukamsindikiza mama hadi njia ya bondeni, tukiimba na kupiga vigelegele.

Niliporudi, lori lilikuwa linaondoka, limejaa. Ng'ombe wa wizi waliokuwa ndani yake hawakuwahi kufungwa nira, na wa kuwaita hakuwepo. Askari alikuwa ameketi mbele, kando ya dereva.